Adazie wa Obosi: Chifu Aliyeiongoza Jumuiya ya Madola

Tarehe 10 Novemba 1995, wakuu wa Jumuiya ya Madola wakiwa wamekusanyika Auckland, New Zealand, serikali ya Nigeria ya Jenerali Sani Abacha ilimnyonga mwandishi Ken Saro-Wiwa pamoja na Waogoni wenzake wanane. Katibu Mkuu wa Jumuiya hiyo alikuwa Mnigeria, Chifu Emeka Anyaoku.

Alizaliwa 18 Januari 1933 huko Obosi, mji wa Waigbo jirani na Onitsha. Chuoni Ibadan alisomea Kilatini na Kiyunani, na mwaka 1962 akaingia katika utumishi wa kibalozi, uliompeleka Umoja wa Mataifa, New York. Mwaka 1966 serikali yake ikamwazima kwa Sekretarieti ya Madola, London, chombo kilichokuwa na umri wa mwaka mmoja tu. Mwaka uliofuata vita vya Biafra vikazuka. Hebu fikiria hali ya kijana Mwigbo aliyetumikia ofisi ya mataifa mengi huku watu wa kwao wakifa kwa njaa na mabomu. Ofisi hiyohiyo ndiyo iliyowakutanisha mahasimu Kampala, Mei 1968, na mazungumzo yakavunjika.

Alipanda ngazi hadi kuwa Naibu Katibu Mkuu mwaka 1977. Mwaka 1983 aliitwa nyumbani kuwa Waziri wa Mambo ya Nje, lakini mapinduzi ya 31 Desemba yakamtoa, naye akarejea London. Oktoba 1989, mjini Kuala Lumpur, alimshinda Malcolm Fraser, waziri mkuu wa zamani wa Australia, na tarehe 1 Julai 1990 akawa Mwafrika wa kwanza kukalia kiti cha Katibu Mkuu.

Kwao Obosi yeye ni Ichie Adazie, mmoja wa Ndichie, wazee wa kofia nyekundu wanaoketi na mfalme kumshauri. Mkewe Bunmi, Myoruba, naye alitunukiwa cheo cha heshima katika mji huo. Mzee wa namna hiyo hana askari. Ana neno lake tu, na neno hilo lina uzito kadiri watu wanavyomwamini. Katibu Mkuu wa Madola naye hana jeshi wala hazina ya kutisha, na kwa maoni yangu Anyaoku aliifahamu kazi ya London kwa sababu aliifahamu ya Obosi.

Afrika Kusini ilikuwa imejitoa katika Jumuiya mwaka 1961, baada ya Nyerere kutangaza kwamba Tanganyika isingekaa nayo meza moja. Anyaoku ndiye aliyekuwa ofisini iliporudi, tarehe 1 Juni 1994, chini ya Mandela.

Ndipo ikaja Auckland. Mwaka 1991 Azimio la Harare lilikuwa limewafunga wanachama kuheshimu demokrasia na haki za binadamu, naye alikuwa mlinzi wake. Mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu, lakini Anyaoku hakuiombea nchi yake msamaha. Nigeria ilisimamishwa uanachama siku moja baada ya kunyongwa kule, ikarejeshwa 29 Mei 1999, siku Obasanjo alipoapishwa kuwa rais.

Juni mwaka huo vyama vya CCM na CUF vilitia saini Muafaka wa Zanzibar, baada ya mgogoro uliotokana na uchaguzi wa rais wa Zanzibar wa 1995, ambapo Salmin Amour wa CCM alitangazwa mshindi kwa asilimia 50.2 dhidi ya 49.8 za Maalim Seif wa CUF. Msuluhishi ilikuwa ofisi ya Anyaoku, na mjumbe wake Moses Anafu alivuka bahari mara nyingi kwenda kusikiliza pande zote mbili. Muafaka ule haukutekelezwa ipasavyo. Anyaoku alimaliza muda wake Machi 2000. Januari 2001 damu ikamwagika Unguja na Pemba, na Oktoba mwaka huo vyama vilevile vikarudi mezani kusaini Muafaka wa pili.