Gharama ya Nyumba: Historia ya Rehani toka Mashamba ya Karafuu hadi Mbagala

Miongoni mwa mambo yanayobeba utamaduni wa watu, nyumba ina mahali pake pa pekee. Ndani ya nyumba mtu huzaliwa, huozwa, huuguzwa, na hatimaye hutolewa kwenda kuzikwa. Lakini nyumba haijengwi kwa heshima peke yake. Hujengwa kwa fedha, na tangu zamani wengi walioitaka hawakuwa na fedha yote kwa mara moja. Hapo ndipo lilipoingia deni.

Katika insha hii tunakusudia kueleza jinsi deni la ardhi na la nyumba lilivyoishi katika nchi yetu, na kumwonyesha msomaji, hasa mwanafunzi, namna ya kuitambua gharama yake halisi. Tutaona kwamba katika kila zama gharama hiyo ilikuwapo. Kilichobadilika ni mahali ilipojificha.

Rehani ya kale

Neno rehani si geni katika lugha yetu. Limetoka katika Kiarabu, na maana yake ni kitu kinachowekwa kuwa dhamana mpaka deni lilipwe. Mapambo ya dhahabu yaliwekwa rehani, na vivyo hivyo mashamba.

Mfano ulio wazi zaidi ni ule wa Unguja na Pemba. Katika karne ya 19 visiwa hivyo vilijaa mikarafuu, na wenye mashamba wakazoea kukopa kwa wafanyabiashara, wengi wao wenye asili ya Kihindi, ili wapate fedha za palizi, za mavuno na za matumizi ya nyumbani. Wakopeshaji hao nao, mara nyingi, walidaiwa na matajiri wakubwa kuliko wao. Kwa kuwa sheria ya Kiislamu inaharamisha riba, ilitumika njia iliyoitwa kwa Kiarabu bei khiyari, yaani mauzo yenye hiari ya kurejeza. Mwenye shamba alimuuzia mkopeshaji shamba lake kwa sharti kwamba akirudisha fedha ile katika muda waliopatana, shamba litamrudia. Katika muda huo alibaki pale pale, akichuma karafuu zile zile, ila sasa alikuwa kama mpangaji, akilipa kodi kwa shamba alilolipanda yeye au babaye.

Msomaji na atazame vizuri jambo hili. Katika hati ile halikuandikwa neno riba. Iliandikwa bei, na iliandikwa kodi. Hata hivyo kodi ile ndiyo iliyokuwa riba. Aliyelipa kodi miaka kumi hakuwa amepunguza hata pesa moja ya deni lake, kwa maana bei ya kulikomboa shamba ilibaki kama ilivyokuwa siku ya kwanza. Karafuu ziliposhuka bei, hasa katika miaka ya 1930, madeni yaliwaelemea wenye mashamba wengi, na serikali ya huko ikalazimika kuingilia kati. Mwaka 1934 ilitungwa sheria ya kuzuia uhamishaji wa ardhi, na mwaka 1938 sheria ya kuyasuluhisha madeni hayo. Wazee waliosema kukopa harusi, kulipa matanga, walikuwa wakiyasema waliyoyaona.

Ardhi na nyumba baada ya Uhuru

Huku Tanganyika, Mwafrika wa mjini hakuwa na rehani ya maana, kwa sababu hakuwa na kitu cha kuweka rehani. Kiwanja chake katika mitaa ya Waafrika kilikuwa cha ruhusa ya muda mfupi, nayo sheria ya mkoloni ilibana ukopeshaji kwa wenyeji kwa kisingizio cha kuwalinda. Mzungu na Mhindi walijenga kwa mkopo. Mwafrika alijenga kwa fito, udongo na makuti.

Mwaka 1958 Mwalimu Julius Nyerere aliandika kijitabu kiitwacho Mali ya Taifa, akipinga wazo la kuifanya ardhi kuwa mali ya mtu binafsi ya kuuzwa na kununuliwa. Alihofu kwamba katika nchi ya maskini, ardhi ikiwa bidhaa, mwenye fedha ataikusanya na asiye nayo atakuwa mpangaji katika nchi yake. Baada ya Uhuru mawazo hayo yakawa sheria. Shirika la Nyumba la Taifa liliundwa mwaka 1962. Mwaka 1963 umilikaji wa ardhi wa milele uligeuzwa kuwa wa muda chini ya serikali. Azimio la Arusha la mwaka 1967 likamkataza kiongozi kuwa na nyumba za kupangisha. Mwaka 1971 majengo yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000 yalitwaliwa na kuwekwa chini ya Msajili wa Majumba.

Ndipo ilipoundwa Benki ya Nyumba Tanzania kwa sheria ya mwaka 1972. Nia yake ilikuwa njema: mfanyakazi na mkulima wapate mkopo wa muda mrefu kwa riba ndogo. Lakini katika miaka ya 1980 bei za vitu zilipanda kwa kasi, kiasi cha asilimia 30 kwa mwaka, hali riba ya mikopo ilikuwa chini ya hapo. Aliyekopa alirudisha shilingi nyepesi kuliko ile aliyoichukua. Je, gharama ilikuwa imetoweka? La hasha. Ililipwa na mwenye akiba, ambaye fedha yake iliyeyuka ndani ya kitabu cha benki. Na ililipwa na umma, uliokuwa ukiitegemeza benki hiyo. Marejesho nayo yalisuasua, na mwaka 1995 benki ilifungwa. Waliokuwa bado kwenye foleni ya kuomba mkopo walibaki mikono mitupu.

Mbagala: tofali juu ya tofali

Wakati huo huo mji wa Dar es Salaam ulikuwa ukikua kuelekea kusini kwa kuifuata Barabara ya Kilwa. Katika mradi wa kupima viwanja na kuviwekea huduma, uliogharimiwa kwa mkopo wa Benki ya Dunia, awamu ya kwanza ya mwaka 1974 iligusa Sinza, Kijitonyama na Mikocheni. Awamu ya pili, iliyoanza mwaka 1977, ilizifikia Tabata, Kinyerezi na Mbagala. Serikali ilipima kiwanja na kuleta barabara na maji, na mwananchi akatakiwa kujenga mwenyewe. Ada na mikopo ya vifaa ilikuwa irejeshwe kidogo kidogo, lakini urejeshaji ulikuwa mgumu, na si viwanja vichache vilivyoishia mikononi mwa wenye kipato kikubwa kuliko wale waliokusudiwa.

Sehemu kubwa ya Mbagala haikungoja kupimwa. Kuanzia Kizuiani hadi Rangi Tatu na Charambe, watu walinunua vipande vya mashamba ya mikorosho na minazi kwa wenyeji, wakaandikiana mbele ya mjumbe, wakaanza kujenga. Utaratibu wao unastahili kuandikwa katika historia ya utamaduni wetu. Mtu alianza na chumba kimoja, akahamia humo na watoto wake kabla ya kupiga lipu. Fedha ya upatu ilileta mabati, na malipo ya kiinua mgongo yakaleta milango. Alipomaliza chumba cha pili alikipangisha, na kodi yake ikajenga cha tatu, mpaka ikatimia nyumba ya Kiswahili yenye vyumba sita, ukumbi katikati na ua nyuma.

Wengi husema kwamba nyumba ya namna hii haina riba. Ni kweli, lakini haikosi gharama. Anayejenga kwa miaka kumi na mitano hulipa kodi ya chumba cha watu kwa miaka hiyo, au hulala katika nyumba isiyokwisha. Saruji aliyoshindwa kuinunua mwaka huu huinunua mwaka ujao kwa bei ya juu zaidi. Tofali zisizoezekwa hulika kwa mvua. Na palipojengwa bila kupimwa, barabara na mfereji wa maji ya mvua hupatikana baadaye kwa kubomoa, na gharama ya kubomoa ni kubwa kuliko ya kupanga. Kwa hiyo hapa gharama ilijificha katika muda na katika usumbufu.

Ipo pia gharama ya balaa. Tarehe 29 Aprili 2009 ghala la silaha la jeshi lililipuka Mbagala. Watu zaidi ya 20 walipoteza maisha, na nyumba nyingi zikabomoka au kupata nyufa. Serikali ililipa fidia. Hata hivyo siku ile ilifundisha kwamba jasho la miaka ishirini laweza kuanguka kwa asubuhi moja. Aliyejenga kwa akiba na nyumba ikaanguka, amepoteza aliyoyaweka. Aliyejenga kwa mkopo amepoteza hayo, na bado anadaiwa ya mbele. Ndiyo sababu mkopo wa siku hizi huja na bima, na bima hiyo nayo ni sehemu ya bei ya nyumba.

Rehani ya leo na hesabu yake

Mageuzi ya uchumi yaliirudisha rehani kwa sura mpya. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 iliitambua thamani ya ardhi, na marekebisho ya mwaka 2004 yakaurahisishia ukopeshaji njia. Kuanzia miaka hiyo wakazi wa mitaa isiyopimwa ya Dar es Salaam walianza kupewa leseni za makazi, ambazo ziliweza kutumiwa kuombea mkopo. Mwaka 2008 ilitungwa sheria maalumu ya mikopo ya nyumba, na mwaka 2010 ikaanzishwa kampuni ya TMRC kwa kazi ya kuzikopesha benki fedha za muda mrefu, kwa kuwa amana za wateja ni za muda mfupi. Riba, iliyokuwa zaidi ya asilimia 20, ilishuka ikafikia kati ya asilimia 15 na 19. Hata hivyo mikopo ya nyumba kwa ujumla wake imebaki chini ya asilimia moja ya pato la taifa. Kwa Watanzania walio wengi, tofali juu ya tofali ingali ndiyo benki.

Sasa tufanye hesabu, na mwalimu aweza kuiandika ubaoni. Mtu amekopa shilingi 50,000,000 kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka, alipe kila mwezi kwa miaka 20. Malipo yake yatakuwa shilingi 695,600 hivi kwa mwezi. Mwezi wa kwanza, katika fedha hiyo, shilingi 666,700 hivi ni riba. Zinazopunguza deni ni kama 29,000 tu. Mwaka wa kwanza ukiisha atakuwa amelipa shilingi milioni 8.3, na deni limepungua kwa shilingi 374,000 tu. Miaka kumi ikitimia, yaani nusu ya safari, atakuwa amelipa milioni 83.5, na bado anadaiwa milioni 41.5. Deni litafika nusu karibu na mwisho wa mwaka wa kumi na sita. Atakapomaliza, jumla aliyolipa itakuwa karibu shilingi milioni 167. Amenunua nyumba moja kwa bei ya nyumba tatu na zaidi.

Hebu abadili jambo moja tu: alipe kwa miaka 10 badala ya 20. Malipo ya mwezi yatapanda mpaka shilingi 837,600 hivi, na jumla itakuwa karibu milioni 100.5. Kwa kuongeza shilingi 142,000 kila mwezi, ameokoa zaidi ya shilingi milioni 66. Basi anayetangaziwa malipo madogo ya mwezi na ajue kwamba mara nyingi udogo ule umenunuliwa kwa urefu wa miaka. Juu ya hayo kuna ada ya uthamini, gharama za hati, bima, na matengenezo ya nyumba yenyewe.

Haki inatutaka tuseme upande wa pili pia. Shilingi ya mwaka wa ishirini si sawa na shilingi ya leo. Bei na mishahara ikipanda, malipo yale yale huwa mepesi. Tena mkopaji huishi ndani ya nyumba yake miaka yote hiyo bila kulipa kodi kwa mtu. Kwa hiyo hatusemi kwamba rehani ni mtego, wala kwamba ni neema. Tunasema kwamba ni bei, na bei huulizwa kabla ya kununua.

Hitimisho

Tumeona kwamba gharama ya nyumba haikufutwa na hati, wala na benki ya umma, wala na ujenzi wa kidogo kidogo. Kwa mkulima wa karafuu ilijificha katika kodi. Katika zama za Benki ya Nyumba ilijificha katika akiba za watu na hazina ya umma. Mbagala ilijificha katika muda. Na katika mkopo wa leo imejificha katika wingi wa miezi.

Tunawaomba walimu wawazoeze wanafunzi kuuliza maswali matatu mbele ya mkopo wowote: Jumla ya yote nitakayolipa ni kiasi gani? Baada ya miaka mitano nitakuwa bado nadaiwa kiasi gani? Na nikishindwa katikati, ni nani mwingine atakayetolewa nje pamoja nami? Swali la mwisho lina uzito katika sheria zetu, kwa maana nyumba ya wanandoa haiwekwi rehani bila ridhaa ya mume na mke wote wawili. Hesabu ya nyumba, basi, na ifanywe na wote watakaolala ndani yake, kabla kalamu haijagusa hati.