Franciszek Pieczka: Mtoto wa Mchimba Makaa katika Sinema ya Polandi

Serikali ya Polandi ilipotaifisha sinema mwezi Novemba 1945 na kuiweka chini ya shirika la umma lililoitwa Film Polski, iliirithi tasnia iliyobaki magofu, kwa kuwa vita vilikuwa vimebomoa majumba ya sinema na kuwaua au kuwatawanya wasanii wengi. Dola mpya ilihitaji filamu za kumtukuza mfanyakazi na mkulima, hasa kuanzia 1949, ulipolazimishwa uhalisia wa kijamaa, yaani mtindo rasmi uliomtaka msanii aonyeshe maisha jinsi chama kilivyotaka yawe. Hata hivyo, mfanyakazi wa filamu hizo mara nyingi alikuwa mtu wa bango, asiye na kwao wala lafudhi. Miongoni mwa waliompa mfanyakazi huyo uhai, mwigizaji Franciszek Pieczka anastahili nafasi ya mbele.

Pieczka alizaliwa tarehe 18 Januari 1928 katika kijiji cha Godów, eneo la Silesia ya Juu, karibu na mpaka wa iliyokuwa Chekoslovakia. Baba yake alikuwa mchimba makaa ya mawe, na yeye mwenyewe alifanya kazi mgodini kwa muda baada ya vita, kabla ya kuelekea Warsaw kusomea uigizaji, masomo aliyoyamaliza mwaka 1954. Mwongozaji Andrzej Wajda alimpa nafasi ndogo katika filamu yake ndefu ya kwanza, *Pokolenie*, lakini shule yake ya kweli ilikuwa jukwaa la Teatr Ludowy huko Nowa Huta, mji mpya uliojengwa pembeni mwa kiwanda cha chuma jirani na Kraków. Hapo ndipo alipoigiza Lennie, kibarua mwenye nguvu nyingi na akili ya kitoto katika hadithi ya John Steinbeck.

Umbo lake kubwa na uso wake mpana vilimweka mapema katika kundi la waigizaji wa uhusika, yaani wale ambao hawatafutwi kwa ajili ya nafasi ya kijana mtanashati anayebeba hadithi, bali kwa ajili ya watu wa pembeni wenye sura, usemi na tabia za pekee. Katika *Matka Joanna od Aniołów* (1961) ya Jerzy Kawalerowicz na *Rękopis znaleziony w Saragossie* (1965) ya Wojciech Has, nafasi zake hazikuwa kubwa, lakini mtazamaji hamsahau.

Umaarufu ulimjia kupitia televisheni mwaka 1966, ilipoanza tamthilia ya vita *Czterej pancerni i pies*, inayosimulia safari ya kikosi cha kifaru na mbwa wao kutoka Urusi hadi Berlin. Pieczka aliigiza Gustlik Jeleń, jabali la mtu mwenye moyo wa huruma, anayezungumza kwa lahaja ya Silesia, ile ile aliyokulia nayo mwigizaji mwenyewe. Jambo hilo lilikuwa na uzito kuliko linavyoonekana leo. Sehemu ya Silesia iliyokuwa ya Polandi ilikuwa imemezwa na Ujerumani mwaka 1939, vijana wake wengi wakaingizwa kwa nguvu katika jeshi la Hitler, na baada ya vita Wasilesia waliishi na shaka ya majirani zao kuhusu upande waliokuwa nao. Gustlik ni mmoja wa vijana hao, kwani alichukuliwa na Wajerumani akatoroka na kujiunga na Wapolandi, na tamthilia haimwombei radhi kwa hilo. Ni kweli kwamba ilipamba mno picha ya Umoja wa Kisovyeti na kunyamazia mateso ambayo Wapolandi waliyapata mikononi mwake. Lakini iliwafanya watazamaji wa nchi nzima wampende Msilesia pamoja na lahaja yake.

Mwongozaji Witold Leszczyński alimwita kuigiza mhusika mkuu wa filamu ya *Żywot Mateusza* (1968), iliyotokana na riwaya ya Mnorwe Tarjei Vesaas. Mateusz anaishi kando ya ziwa na dada yake Olga, na wanakijiji humwona punguani. Anaanza kuvusha watu kwa mashua, na abiria anayemleta nyumbani ni mkata miti ambaye Olga anampenda, hivyo Mateusz anajikuta amempoteza mtu wa pekee aliyemtegemea. Pieczka hakumchezea punguani huyo kwa vichekesho wala kwa kuomba machozi. Anamtazama ndege kwa utulivu wa mtu anayesikiliza habari inayomhusu, na mtazamaji anaanza kujiuliza kama hao wenye akili timamu wanaona chochote.

Katika muongo uliofuata alifanya kazi na karibu kila mwongozaji mkubwa wa nchi hiyo. Kwa Krzysztof Kieślowski, katika *Blizna* (1976), alikuwa mkurugenzi mwaminifu aliyetumwa kujenga kiwanda cha kemikali, anayegundua kwamba wakazi aliotaka kuwanufaisha hawakuulizwa walitaka nini.

Kilele kilikuwa *Austeria* ya Kawalerowicz, iliyotengenezwa mwaka 1982 kutokana na riwaya ya Julian Stryjkowski ya 1966. Mradi huo ulikwama kwa miaka mingi, kwa sababu kampeni ya serikali dhidi ya Wayahudi mwaka 1968 iliifanya mada yake isigusike. Hadithi inatokea Galicia, Vita vya Kwanza vya Dunia vinapoanza, katika nyumba ya wageni ya mzee Tag, Myahudi anayewapokea wakimbizi usiku kucha. Pieczka, Mkatoliki wa Silesia, alimfanya Tag mtu mwenye tamaa, uchovu na mashaka kuhusu Mungu, na kwa kukataa kumfanya mtakatifu aliwarudishia heshima Wayahudi waliokuwa wamefutwa hata katika kumbukumbu.

Baadaye *Jańcio Wodnik* (1993) ya Jan Jakub Kolski ilimpa tuzo ya uigizaji bora katika tamasha la Gdynia. Alikuwa Mtume Petro katika *Quo Vadis* (2001), na kuanzia 2006 akawa mzee Stach Japycz wa tamthilia ya *Ranczo*, anayekaa na wenzake kwenye benchi la dukani wakinywa mvinyo wa bei ya chini na kuijadili dunia. Mwaka 2017 alitunukiwa Nishani ya Tai Mweupe, iliyo ya juu kabisa nchini mwake, na alifariki Warsaw mwezi Septemba 2022, akiwa na umri wa miaka 94.