Belle of Louisville: Meli ya 1914 Iliyokataa Kuwa Skrepa

Kama unadhani meli za mvuke ziliisha kitambo, cheki hii. Belle of Louisville iliundwa Pittsburgh, Marekani, 1914, na mpaka leo inabeba abiria kwenye mto Ohio. Inasonga vipi? Boila zinachemsha maji, mvuke unasukuma injini, injini inazungusha gurudumu kubwa lenye mbao huko nyuma. Mbao zinachapa maji, meli inaenda.

Jina lake la kwanza lilikuwa Idlewild, na kazi ilikuwa kuvusha watu na kubeba mizigo huko Memphis. 1948 ikaitwa Avalon, ikawa ya raha tu: inazunguka mji hadi mji, wasee wakicheza dansi ndani.

Kufikia 1962 ilikuwa imechoka mbaya, ikapelekwa mnada. Marlow Cook, kiongozi wa kaunti ya Jefferson, aliinunua kwa dola 34,000 za umma. Wengine waliteta kwamba hiyo ni doo ya ushuru inatupwa mtoni. Ilirekebishwa, na Aprili 30, 1963 ikashindana na Delta Queen. Ilichapwa, lakini mbio hizo zikawa desturi ya wiki ya Kentucky Derby.

Noma ilirudi 1997. Aliyewahi kufanya kazi humo alifungulia maji ikiwa imeegeshwa, ikaanza kuzama. Ilivutwa maji, ikainuliwa, ikarudi kazini.

Wangeifungia makumbusho tu, ingebaki picha ya ukutani. Imedumu kwa sababu bado inapiga kazi.