Kamera ya Antonio Climati na Historia ya Unguja, 1964

Mnamo Januari 1964, siku chache baada ya Mapinduzi ya tarehe 12 yaliyoiangusha serikali ya Sultani Jamshid bin Abdullah, kamera ya sinema ilipitishwa angani juu ya Unguja. Picha zake zilitiwa katika filamu ya Kiitalia Africa addio, yaani “Kwaheri Afrika”, iliyotolewa mwaka 1966. Waongozaji wake walikuwa Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi. Mpigaji picha alikuwa Antonio Climati.

Climati alikwisha kushiriki katika Mondo cane (1962), filamu iliyokusanya mambo ya ajabu na ya kutisha ya dunia na kuyaunga kwa muziki na maneno ya msimulizi. Baadaye alipiga picha za Addio zio Tom (1971), kisha akaongoza, pamoja na Mario Morra, Ultime grida dalla savana (1975). Basi picha za Unguja zilipigwa na fundi hodari wa kazi ambayo biashara yake ilikuwa kustusha watazamaji.

Katika sehemu hiyo huonekana watu wakienda kwa safu, maiti, na makaburi ya pamoja. Msimulizi naye hudai kwamba Afrika iliyoachwa na Wazungu yaelekea maangamizi. Kwa sababu ya madai hayo filamu ilipingwa kwa maandamano Berlin ya Magharibi mwaka 1966. Jacopetti mwenyewe alichunguzwa nchini Italia kwa tuhuma ya mauaji yaliyopigwa picha Kongo, akaonekana hana hatia.

Mwenye macho haambiwi tazama. Lakini filamu hii humwambia mtazamaji la kutazama na la kufikiri pia. Hapana budi, basi, kutenga picha na maneno. Picha ni ushahidi kwamba watu waliuawa. Maneno ni ushahidi wa fikra za walioyatunga. Anayeikataa filamu yote kwa ajili ya matusi yake huwanyima marehemu shahidi. Anayeikubali yote huwapokea marehemu pamoja na hukumu waliyotungiwa na wageni.

Kutoka angani, isitoshe, sababu hazionekani. Kamera haikuona ghasia za Juni 1961, zilizoua watu 68, wengi wao Waarabu. Wala haikuona uchaguzi wa Julai 1963, ambapo Afro-Shirazi Party ilipata takriban asilimia 54 ya kura, lakini viti 13 tu kati ya 31. Haikuweza kubainisha jina la maiti hata mmoja, wala kama alikuwa mtu wa Mji Mkongwe au wa shamba, wala nani aliyemzika.

Majina hayo yamo katika kumbukumbu za jamaa, Unguja na Omani. Mwanahistoria aitazamaye filamu bila ya kuwasikiliza hao ataona watu wengi, wala hatamjua hata mmoja.