Mtoto Ana Joto Kidogo: Historia ya Kompyuta Zinazomsaidia Daktari Kutambua Ugonjwa

 

Leo tuanze na jambo unalolijua vizuri. Umempeleka mtoto kliniki. Daktari anauliza, "Mtoto ana homa?" Nawe unajibu, "Ana joto kidogo, daktari, lakini jana usiku lilikuwa jingi sana." "Anakula?" "Anakula, ila si kama kawaida yake." "Anapumua vizuri?" "Anahema hema hivi, si sana."

Ukitoka pale huenda ukadhani hukujibu sawasawa, kwa kuwa hukusema ndiyo wala la. Ukweli ni kwamba ulijibu vizuri. Mwili wa mtoto mgonjwa mara nyingi hausemi ndiyo au la. Husema kidogo, husema sana, husema zaidi ya jana. Leo tutasimulia jinsi wataalamu walivyohangaika kuifundisha kompyuta lugha hiyo, na kwa nini historia yao inakuhusu wewe unayemlea mtoto.

Safari hii ina vituo kadhaa, na cha kwanza ni mji wa Leeds, Uingereza. Huko, daktari wa upasuaji aliyeitwa F. T. de Dombal alitaka kujua kama kompyuta ingeweza kusaidia kutambua chanzo cha maumivu makali ya tumbo. Tumbo likiuma ghafla, huenda ni kidole tumbo kinachohitaji upasuaji, au huenda ni maumivu yatakayopita yenyewe. Kukosea ni hatari kwa pande zote mbili. Mwaka 1972, de Dombal na wenzake walitoa matokeo ya wagonjwa 304. Kompyuta ilitambua ugonjwa sawasawa kwa asilimia 91.8. Daktari mwenye cheo cha juu zaidi katika kundi lile alipata asilimia 79.6.

Watu walistaajabu. Lakini kuna jambo jingine lililoonekana, nalo ni muhimu kwetu leo. Ili kompyuta ifanye kazi, madaktari walilazimika kumuuliza kila mgonjwa maswali yale yale kwa utaratibu: maumivu yalianzia wapi, yamehamia wapi, yalianza lini, yanaongezeka au yanapungua? Baadaye jaribio kubwa lilifanywa katika hospitali 8 za Uingereza, na matokeo yake yakatolewa mwaka 1986. Madaktari wenyewe walianza kutambua magonjwa vizuri zaidi kuliko zamani. Sehemu kubwa ya faida ilitokana na kuuliza vizuri na kusikiliza majibu.

Kituo cha pili ni Chuo Kikuu cha Stanford, Marekani, miaka hiyo hiyo ya 1970. Kijana aliyesomea udaktari na kompyuta kwa pamoja, Edward Shortliffe, alitengeneza programu iliyoitwa MYCIN. Kazi yake ilikuwa kumshauri daktari kuhusu bakteria waliomshambulia mgonjwa na dawa ya kuwaua. Ndani yake mlitiwa maarifa ya madaktari bingwa, yakiandikwa kama kanuni zipatazo 500: ikiwa hali ni hii na hii, basi huenda ni bakteria fulani. Programu ya namna hii, iliyojazwa maarifa ya mabingwa, huitwa mfumo mtaalamu.

Shortliffe aligundua upesi kwamba daktari bingwa hasemi "hakika" kila mara. Husema "yaelekea" au "sina uhakika sana." Kwa hiyo kila kanuni ilipewa namba ya kuonyesha uzito wake. Mwaka 1979 mabingwa walilinganisha ushauri wa MYCIN na wa madaktari wa Stanford, wakaona haukuwa nyuma. Hata hivyo MYCIN haikuwahi kutumiwa kuwatibu wagonjwa wodini. Kuiingizia habari za mgonjwa kulichukua muda mrefu, na watu waliuliza: ikikosea, nani atawajibika?

Sasa turudi nyuma kidogo, maana mtu aliyelitazama jambo hili la "kidogo" na "sana" kwa undani zaidi alikuwa ameshaandika. Jina lake ni Lotfi Zadeh. Alizaliwa mwaka 1921 mjini Baku, akakulia Baku na Tehran, kisha mwaka 1944 akahamia Marekani. Baba yake alikuwa mwandishi wa habari. Mama yake alikuwa daktari wa watoto.

Mwaka 1965, akiwa mwalimu katika Chuo Kikuu cha California huko Berkeley, Zadeh alitoa makala fupi ya hesabu. Wazo lake lilikuwa hivi: hesabu ya kawaida hujua moja na sifuri tu, yaani ndani au nje, ndiyo au la. Lakini maneno ya binadamu hayana mipaka ya namna hiyo. Neno "mrefu" linaanzia wapi? Neno "moto" linaanzia wapi? Akapendekeza kwamba kitu kiweze kuwa ndani ya neno kwa kiasi, kuanzia sifuri hadi moja: kiasi cha 0.2, au 0.5, au 0.9.

Hesabu hii tutaiita mantiki ya ukungu. Wewe wa Limuru au Kericho unaujua ukungu wa asubuhi. Huwezi kuonyesha kwa kidole mahali unapoanzia. Unaingia polepole, na kabla hujajua umo ndani. Au fikiria chumvi kwenye mchuzi. Hakuna mpishi anayesema tu "chumvi ipo" au "chumvi haipo." Anaonja na kusema, "Imepungua kidogo," naye anajua la kufanya.

Wataalamu wengi walimpinga Zadeh, wengine wakamcheka. Aliyeonyesha kwamba wazo lile linaweza kufanya kazi katika mashine alikuwa mtu wa huku kwetu Afrika Mashariki kwa kuzaliwa. Ebrahim Mamdani alizaliwa mwaka 1942 katika nchi ambayo leo ni Tanzania. Akiwa mwalimu katika chuo cha Queen Mary, London, yeye na mwanafunzi wake Assilian waliongoza mtambo mdogo wa mvuke kwa kutumia kanuni za maneno ya kawaida: ikiwa shinikizo limezidi kidogo, punguza joto kidogo. Hiyo ilikuwa katikati ya miaka ya 1970. Njia ya Mamdani ilienea sana. Mwaka 1987 treni za mji wa Sendai, Japani, zilianza kuendeshwa kwa mantiki ya ukungu, na baadaye ikaingia katika mashine za kufulia nguo na za kupikia wali.

Katika hospitali, kazi iliyojulikana sana ilifanywa Vienna, Austria. Klaus-Peter Adlassnig na wenzake walitengeneza mfumo ulioitwa CADIAG-2, ambao miaka ya 1980 ulijaribiwa kwa magonjwa ya viungo, ya kongosho na ya nyongo. Mfumo huo uliwauliza mabingwa maswali mawili kuhusu kila dalili. La kwanza: dalili hii huonekana mara ngapi kwa wenye ugonjwa huu? La pili: dalili hii ikionekana, inathibitisha ugonjwa huu kwa nguvu gani? Majibu yalikuwa maneno kama "karibu kila mara" na "mara chache," yakageuzwa kuwa viwango.

Tazama tofauti ya maswali hayo mawili kwa kutumia kikohozi. Watoto wengi wenye nimonia hukohoa. Lakini mtoto akikohoa, je, ana nimonia? Mara nyingi ni mafua tu. Kikohozi peke yake ni shahidi dhaifu. Ndiyo maana daktari haishii hapo, bali hutazama pumzi na kifua.

Tuseme basi mtoto wa miezi 8 anakohoa, na pumzi zake ni 47 kwa dakika. Katika mwongozo wa kutunza watoto wagonjwa uliotolewa na Shirika la Afya Duniani pamoja na UNICEF miaka ya 1990, ambao Kenya nayo iliupokea, mtoto wa miezi 2 hadi 11 huhesabiwa kuwa anapumua haraka pumzi zikifika 50 kwa dakika. Mtoto wa mwaka 1 hadi 5 ni 40. Kwa kipimo hicho, pumzi 49 ni "la" na pumzi 50 ni "ndiyo." Mfumo wa mantiki ya ukungu ungesema vingine: pumzi 47 ni za haraka kwa kiasi, tuseme 0.7. Ikiwa kanuni inasema "anapumua haraka na kifua kinazama," nacho kifua kinazama kwa kiasi cha 0.3 tu, njia ya Mamdani huchukua kile kiasi kidogo, yaani 0.3. Ni kama watu wawili wanaobeba kitanda pamoja: mwendo ni wa yule anayekwenda polepole. Kisha kanuni zote hujumlishwa, na mfumo humwambia daktari ni ugonjwa gani wa kuufikiria kwanza.

Huenda ukauliza, kwa nini basi mwongozo wa kliniki hautumii ukungu? Ni kwa sababu muuguzi aliye peke yake zahanati, na foleni imefika nje, anahitaji kanuni anayoweza kuikumbuka na kuifuata bila mashine. Mpaka ulio wazi huokoa maisha pale ambapo kuchelewa kunaua. Hata simu ambazo wahudumu wa afya ya jamii nchini Kenya walianza kupewa kwa wingi mwaka 2023 huwaongoza kwa maswali ya hatua kwa hatua.

Zadeh alifariki mwaka 2017, na Mamdani mwaka 2010. Leo zipo programu zinazojifunza zenyewe kutokana na picha na kumbukumbu za wagonjwa wengi, bila kuandikiwa kanuni moja moja. Lakini iwe ni mashine ya zamani au ya kisasa, haimjui mtoto wako. Haikuwepo usiku wa manane alipokataa kunyonya. Ikiambiwa habari pungufu, itatoa jibu pungufu. Shahidi ni wewe.

Kwa hiyo mama, na wewe baba, nyanya au dada unayemlea mtoto, usione haya kusema "kidogo." Ila lisaidie neno hilo. Sema kidogo kulinganisha na lini: "Jana alinyonya mara nane, leo mara tatu." Sema lilianza lini, na kama linaongezeka au linapungua. Mtoto akikohoa, subiri atulie, mfunue kifua, uhesabu pumzi kwa dakika nzima. Usipunguze habari ukiogopa kukemewa kwamba umechelewa, wala usiongeze ili uhudumiwe haraka. Na kama umeshampa dawa yoyote, ya dukani au ya mitishamba, itaje.

Lakini sikiliza hili kwa makini. Yapo mambo ambayo hayana ukungu hata kidogo. Mtoto asiyeweza kunywa au kunyonya, anayetapika kila kitu, aliyepatwa na degedege, au aliyelegea na kuzimia, apelekwe hospitali saa hiyo hiyo. Vivyo hivyo mtoto anayepumua kwa shida au ambaye kifua chake kinazama anapovuta pumzi. Na mtoto mchanga wa chini ya miezi 2 akipata joto, au mwili wake ukiwa baridi isivyo kawaida, au pumzi zikifika 60 kwa dakika, usingoje kuche. Hapo jibu ni moja tu: twende.

MAMBO YA KUKUMBUKA

Mweleze daktari kiasi, muda na mabadiliko ya kila dalili.

Dalili moja peke yake mara nyingi haitoshi kutambua ugonjwa.

Kompyuta ni msaidizi wa mhudumu wa afya. Haichukui nafasi yake, wala yako.

Dalili za hatari hazingojewi.

 Mwambie na jirani yako uliyoyasikia leo.