Polepole ndio mwendo, lakini fremu zatoka wapi?

Juzi binamu yangu alinijia na kipande cha City Hunter, ile drama ya Kikorea iliyoonyeshwa na SBS mwaka 2011. Unamkumbuka Lee Min-ho akipigana kwa kijiko? Binamu alitaka pigo moja liende polepole, laini kama maji, kisha aweke muziki. "Si wewe ni mtu wa kompyuta?" Nikapunguza kasi hadi asilimia 20, nikabonyeza kitufe. Aibu tupu! Picha ziligandaganda, mkono ukawa unaruka kama mshale wa saa mbovu.

Sababu yake ni hesabu ya shule ya msingi. Korea Kusini ilikuwa na mfumo wa NTSC, ndiyo maana televisheni yake imezoea takriban fremu 30 kwa sekunde. Ukiivuta sekunde moja iwe tano, unahitaji fremu 150. Unazo 30. Hizo 120 utazitoa wapi? Historia ya mwendo wa polepole ni historia ya kulijibu swali hilo.

Jibu la kwanza ni kupiga picha nyingi zaidi tangu mwanzo. August Musger, kasisi na mwanafizikia wa Austria, alisajili hataza ya uvumbuzi huo mwaka 1904, akitumia vioo vinavyozunguka. Mwaka 1912 hataza ikampotea kwa kushindwa kulipa ada, na kampuni ya Ernemann ya Dresden ikauendeleza uvumbuzi wenyewe. Wanaprogramu wenzangu, hadithi ya namna hiyo si ngeni kwetu.

Lakini shabiki hana kamera ya mwongozaji. Drama imekwisha kupigwa. Jibu la pili, basi, ni kurudia fremu zilizopo, au kuchanganya mbili jirani hadi mtu aonekane kama mzimu. Hilo ndilo nililofanya mimi.

Jibu la tatu ni kukokotoa. Mwaka 1981 Berthold Horn na Brian Schunck wa MIT walichapisha njia ya kukadiria kila nukta ya picha imehama kutoka wapi kwenda wapi. Mwaka huohuo Bruce Lucas na Takeo Kanade wa Carnegie Mellon walitoa njia yao. Nia yao haikuwa sinema. Walitaka mashine ielewe picha. Lakini ukijua ngumi ilikuwa hapa na sasa iko pale, unaweza kuichora ikiwa katikati. Filamu ya The Matrix (1999) ilitumia hesabu za aina hii kujaza mapengo kati ya kamera zilizopangwa kumzunguka mwigizaji.

Baadaye kampuni ya RE:Vision Effects ya San Francisco ikaiweka hesabu hiyo ndani ya Twixtor, programu-jalizi inayofanya kazi na After Effects. Waasisi wake, Pierre Jasmin na Pete Litwinowicz, walituzwa kwa programu zao na Akademia ya Oscar mwaka 2007. Mashabiki waliipenda mno, hata jina Twixtor likawa jina la vipande vyenyewe.

Ila ina ugonjwa wake. Mkono ukipita mbele ya uso, kilichofichwa nyuma yake hakijulikani, kwa hiyo programu inavuta ngozi na nywele mpaka kijiko kinayeyuka. Mwaka 2018 watafiti wa NVIDIA walitoa Super SloMo, mtandao neva uliofunzwa kwa video za fremu 240 kwa sekunde. Mwaka 2020 ikaja RIFE, yenye kasi zaidi, na msimbo wake ni wa bure.

Sasa tatizo limegeuka. Picha ikiwa mbovu, ulijua umedanganywa. Leo, kwa asilimia 20, fremu nne kati ya tano hazikuigizwa na yeyote, na huoni dalili. Tunasema tunapunguza kasi ili tuone vizuri ustadi wa mwigizaji na wale wanaomchezea hatari. Kumbe kile tunachokishangilia ni makisio ya mashine.

Basi nilirudia kazi ya binamu kwa masharti. Kwanza niliondoa fremu zinazojirudia, maana faili nyingi hubadilishwa kasi njiani, na programu ikizikuta husitasita. Pili nilikata kipande kabla kamera haijabadilika, la sivyo sura mbili huyeyukiana. Tatu, niliishia asilimia 50, ili kila fremu ya kubuni iwe na ya kweli upande huu na upande ule.

Kijiko kilibaki kijiko. Binamu alilalamika kwamba bado kinakwenda mbio. Nikamwambia huyo ndiye Lee Min-ho. Akitaka polepole zaidi, ajue kuanzia hapo anaitazama kompyuta yangu.