Nani Alishika Kamera?

Kazi yangu ni kuhariri filamu za historia, hasa za vita. Watu hudhani nakaa tu nikiunganisha klipu. Kumbe nusu ya kazi ni kuihoji picha kama shahidi mahakamani: nani alishika kamera, alisimama wapi, na mbona yeye hakupigwa risasi?

Chukua The Battle of the Somme, filamu ya Waingereza ya 1916. Geoffrey Malins na John McDowell waliipiga huko Ufaransa, na kufikia Agosti mwaka huo ilikuwa kwenye sinema za London, vita bado vinaendelea. Mamilioni waliitazama. Sehemu inayojulikana zaidi ni ya wanajeshi wakipanda kutoka handakini, wengine wakianguka. Sasa itazame polepole. Hawana mizigo mgongoni, na kamera imetulia mahali ambapo mpiga picha angeuawa papo hapo. Watafiti wanakubaliana kwamba iliigizwa nyuma ya uwanja wa vita. Lakini majeruhi wanaobebwa kwenye filamu hiyohiyo ni wa kweli kabisa. Mhariri ufanyeje? Ukiikata, umeficha walichoonyeshwa watu wa 1916. Ukiiacha kimya, mtazamaji ataamini ndivyo watu walivyokufa. Mimi huacha picha ya aina hiyo, halafu naandika pale chini: iliigizwa.

Kuna pia suala la kasi. Kamera za enzi hizo zilizungushwa kwa mkono, tuseme fremu 16 kwa sekunde. Ukizicheza kwa 24, askari anayeelekea kufa anatembea chapuchapu kama mchekeshaji. Katika They Shall Not Grow Old ya 2018, Peter Jackson na mhariri wake Jabez Olssen waliirekebisha kasi hiyo, na wale vijana wakarudi kuwa watu.

Ila hakuna kompyuta inayorekebisha picha ambayo haikupigwa. Wapagazi wa Carrier Corps, waliotuachia jina la Kariokor hapa Nairobi, walibebea jeshi la Waingereza risasi na chakula katika vita dhidi ya Wajerumani. Makumi ya maelfu walikufa, wengi kwa magonjwa na njaa. Picha zao ni chache mno. Kishawishi ni kuazima klipu za kwingine ili kuziba pengo, manake nani atajua? Mimi nakataa. Naweka skrini nyeusi, sauti ya msimulizi iendelee, na mtazamaji ajiulize mbona hakuna aliyewaelekezea kamera.